Mume wangu anataka niuze bangili zilizobaki, atengeneze filamu ya dakika 15

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mwenyeji wa Unguja, nina miaka 33, naishi Ankara. Nilikuja Uturuki mwaka 2013 kwa ufadhili wa serikali yao, huu wa Türkiye Bursları, ambao mwaka wa kwanza mzima unasomeshwa lugha tu. Niliaga kwetu kwamba nasoma, narudi. Mwaka wa tatu, siku moja ya theluji, niliingia kwenye klabu ya filamu ya wanafunzi kwa sababu walitangaza chai ya bure, nikaona filamu ya dakika tisa ya kijana mmoja mrefu asiyejua aweke wapi mikono akisimama mbele za watu. Bibi kizee yuko kituoni kijijini, anasubiri basi. Basi haliji. Hiyo ndiyo filamu yote, Shangazi, na mie nililia mpaka nikaona haya. Kijana yule ndiye mume wangu. Tulioana 2018, tuna mtoto wa kiume wa miaka minne ambaye anasikia ugomvi wetu kwa lugha mbili.

Mume wangu ana kazi mbili, moja inalipa. Inayolipa ni ya usaidizi wa utafiti katika kitivo cha mawasiliano cha chuo kikuu kimoja cha serikali. Anasimamia mitihani, anawafundisha vijana kushika kamera na kukata picha, na wakati huohuo anaandika udaktari wake juu ya kimya katika filamu fupi za Kituruki. Wanafunzi wanamwita hoca, neno lilelile wanalomwita imamu wa msikitini, na mama yake hulitamka kama anatia sukari kwenye chai. Isiyolipa ni filamu fupi. Ametengeneza nne.

Sasa nikueleze jambo ambalo mimi mwenyewe lilinichukua miaka kulifahamu. Ajira yake ni ya hiyo wanayoiita 50/d, kifungu cha sheria yao ya elimu ya juu ya mwaka 1981. Maana yake kazi imefungwa na masomo. Unalipwa kwa kuwa ni mwanafunzi wa udaktari. Siku unayotetea tasnifu ukafaulu, watu wanakupigia makofi, unakumbatiwa, na ajira imekwisha. Usipomaliza nako kuna ukuta, kwani udaktari una mihula 12 na haizidi. Yeye yuko wa kumi. Kila miezi sita anakaa mbele ya kamati ya maprofesa watatu awaoneshe alikofika, na safari iliyopita walimwandikia kwamba hakufaulu. Wakimwandikia hivyo mara mbili mfululizo, anatolewa.

Yeye anasema: nikimaliza nakosa kazi, kwa hiyo kabla sijamaliza acha nitengeneze filamu moja ya maana, ndiyo itakayonifungulia mlango mwengine. Kila filamu ilikuwa hiyo moja ya maana.

Hii ya tano inamhusu mzee mchongaji wa lületaşı, jiwe jeupe jepesi linalochimbwa vijiji vya Eskişehir, wanalichonga viko vya kuvutia tumbaku. Mzee ana miaka 81 na mikono imeanza kutetemeka. Mume wangu amekwenda kwake kwa treni mara saba. Anasema tasnifu inaweza kusubiri, mikono ya mzee haisubiri. Ameomba fedha mahali pawili, hakupata. Ndipo akaniambia kuhusu bangili.

Siku ya harusi yetu wageni walipanga mstari kunivisha dhahabu, ndiyo mila yao, na mama mkwe akanivisha bangili sita za karati 22. Mbili niliziuza 2022, mwaka ambao bei za vitu hapa zilipanda mpaka takwimu za serikali yenyewe zikapita asilimia 80. Zilikwenda kwenye filamu ya nne. Sikulazimishwa, nilitoa kwa moyo. Filamu ile aliipeleka kwenye matamasha 23, na mengi hutoza ada ya kuomba kwa dola au yuro huku sie tunalipwa lira. Yakaipokea matatu. Moja likampa sanamu ya kioo, ipo juu ya friji, mtoto anaifanya mnara wa kuegeshea magari yake. Manukuu ya Kiingereza ya filamu zote nne nimetafsiri mie, usiku, mtoto yuko mgongoni. Jina langu limewekwa kwenye shukrani, chini ya mwenye duka la chai.

Mie natafsiri tamthilia za Kituruki kwa Kiswahili, natumiwa kwa mtandao, nalipwa kwa kipindi. Kwetu wanazitazama kila usiku na kila nikipiga simu naulizwa: mumeo si mtu wa filamu, mbona hatumwoni? Nawaambia yeye anatengeneza fupi. Dada yangu akauliza, atazirefusha lini? Na kweli yupo rafiki yake Istanbul aliyemwita awe msaidizi wa mwongozaji kwenye tamthilia. Mshahara ni mara mbili ya ule wa chuo. Alikataa bila kuniuliza.

Bangili nne zilizobaki niliziweka kwa ajili ya kwenda kwetu. Sijamwona mama yangu miaka minne, na miguu yake sasa haimchukui hadi barazani.

La mwisho sijamwambia mtu. Mwezi uliopita nilifungua kompyuta yake kutafuta picha za mtoto, nikaliona faili la tasnifu. Halijaguswa miezi mitano. Na kila usiku taa ya chumba chake inawaka mpaka saa nane, na asubuhi ananiambia yuko sura ya tatu.

Nikimpa bangili naona nitakuwa mjinga mara ya pili. Nikimnyima, na mzee akafa, nitakuwa mie niliyeua filamu yake. Nifanye nini?

Mke wa Hoca, Ankara

* * *

Marahaba mwanangu.

Barua yako nimeisoma mara tatu. Mara ya kwanza nilikuwa upande wako. Ya pili nikawa upande wa yule mzee na jiwe lake. Ya tatu nilikwenda kutia maji birika, maana nilikuwa siko upande wowote, na mtu akifika hapo ni afadhali anywe kitu cha moto kabla hajashika kalamu.

Nikuelezee ninavyoona ulichoniletea, unisahihishe nikikosea. Umeolewa na mtu ambaye kazi yake ya mshahara inakufa siku atakapoifanya vizuri, na inakufa vilevile asipoifanya. Katikati ya vifo hivyo viwili amejijengea kibanda, nacho ni filamu. Kibanda kinataka dhahabu yako. Wewe huna uhakika kama unachangia nyumba au unachangia maficho. Na juu ya hayo umeona faili, umenyamaza.

Umeniuliza kuhusu bangili, lakini bangili umeziandikia kwa utulivu kabisa, hata kwa mzaha. Kalamu yako imetetemeka kwenye faili. Kwa hiyo niruhusu nianzie huko.

Miezi mitano bila kugusa. Umeshalihukumu hilo moyoni kuwa ni uongo, na pengine ni uongo kweli, kwa sababu mtu anayesema yuko sura ya tatu na sura ya tatu imelala, hasemi kweli. Ila jiulize uongo huo anamwambia nani. Mtu mvivu halali saa nane. Mimi nimewahi kuishi na mtu aliyekuwa anaandika tasnifu, nami naijua ile hofu ya kufungua faili: kadiri siku zinavyopita bila kulifungua ndivyo linavyozidi kuwa zito, mpaka jina lake tu kwenye kioo linakutia jasho. Sasa mwongezee huyu wako kwamba mwisho wa kazi hiyo si zawadi, ni kufutwa mshahara wenye mke na mtoto ndani yake. Angekuwa anakimbilia kumaliza ningemshangaa zaidi. Simtetei. Nasema tu kwamba "ananidanganya" na "anaogopa" ni mambo mawili yenye dawa tofauti, na wewe kutoka nje ya mlango ule unaowaka taa huwezi kujua ni lipi, mpaka uulize.

Lipo na lingine dogo. Mume anaandika kitabu kizima juu ya kimya, na mke ana siri ya mwezi mzima. Nyumba hiyo ina wataalamu wawili.

Sasa filamu. Dada yako ameuliza atazirefusha lini, na nimecheka, lakini naona hata wewe swali hilo limekukaa. Umeandika "sie tunalipwa lira", "alikataa", "kila filamu ilikuwa hiyo moja ya maana", kama kwamba filamu fupi ni ngazi na yeye amekwama kwenye kidato cha chini. Wapo wanaoipanda kama ngazi. Nuri Bilge Ceylan alisomea uhandisi wa umeme, akawa mpigapicha, na filamu yake ya kwanza, fupi, Koza, ilishindania tuzo ya filamu fupi kwenye tamasha la Cannes, Ufaransa, mwaka 1995, naye umri wake ulikuwa umepita 35. Waliocheza ndani yake ni baba yake na mama yake mzazi. Tuzo kubwa ya Cannes aliichukua 2014. Miaka kumi na tisa hapo katikati. Lakini Rezan Yeşilbaş alichukua tuzo ya filamu fupi palepale mwaka 2012 kwa filamu isiyofika robo saa, ya mwanamke wa Kikurdi anayemtembelea mumewe gerezani Diyarbakır mwaka 1984, wakati hawakuruhusiwa kusema lugha yao. Mumeo bila shaka ameiandikia kurasa nyingi, maana jina lake lenyewe ni kimya. Filamu ile haikuwa utangulizi wa kitu kirefu. Iliisha pale ilipopaswa kuisha.

Na kama anataka mfano wa mtu aliyekuwa mwalimu wa chuo na mtengenezaji wa filamu fupi kwa pamoja, wapo tangu zamani hukohuko. Sabahattin Eyüboğlu na Mazhar Şevket İpşiroğlu walikuwa walimu Chuo Kikuu cha Istanbul walipotengeneza Hitit Güneşi, filamu fupi juu ya sanaa ya Wahiti wa kale, ikapata tuzo ya Dubu wa Fedha kwenye tamasha la Berlin mwaka 1956. Kazi mbili mkononi, wala moja haikuinyonga nyingine. Kazi ya chuo ya Eyüboğlu ilikuja kukatwa na wanajeshi mwaka 1960, walipowafukuza walimu 147 kwa mkupuo mmoja. Filamu haikuhusika. Nakutajia hayo kwa sababu katika barua yako kuna dhana, na mama mkwe naye anayo, kwamba chuo ni ukuta wa mawe na filamu ni hema. Ajira ya 50/d unayonielezea ni hema pia, mwanangu. Limechorwa mawe tu.

Hapo hapo nijizuie, maana mie napenda sinema tangu enzi za Majestic na Cine Afrique pale Mji Mkongwe, na mpenzi wa sinema si mshauri mzuri wa fedha. Hao niliowataja ni wale ambao majina yao yamebaki. Waliouza dhahabu za wake zao na majina hayakubaki hatuna orodha yao.

Kuhusu bangili. Alizokuvisha mama mkwe ni zako. Kwetu hili halina mjadala, mali ya mke ni mali ya mke, hata mume akiwa na shida. Ulipotoa mbili ulitoa hisani, na ukitoa tena itakuwa hisani nyingine, si deni unalolipa. Nakukumbusha kwa sababu umeniandikia kana kwamba kunyima ndiko kutendako jambo, na kutoa ni hali ya kawaida. "Nitakuwa mie niliyeua filamu yake." Mikono ya mzee inatetemeka kwa miaka 81, si kwa ajili yako. Na filamu hii inaweza kukosa kutengenezwa kwa sababu kumi, ikiwemo mvua.

Haya, tuseme unatoa zote nne. Faida yake ni kwamba jambo litafanyika mwezi huu, na mume aliyepata alichotaka huenda akarudi mezani na moyo mwepesi. Hatari yake unaijua, uliionja 2022: dhahabu ikishatoka hairudi kwa bei ileile. Na kuna hatari usiyoitaja. Filamu fupi haiishi siku ya kumaliza kurekodi. Kuna uhariri, sauti, rangi, kisha hayo maombi ya matamasha, na matamasha mengi hayataki filamu iliyozeeka, kwa hiyo mwaka mmoja au miwili ya mwanzo ni mbio tupu. Mbio hizo zitaangukia sawasawa kwenye muhula wa kumi na moja na wa kumi na mbili. Mzee hasubiri, sawa. Na kamati je?

Ama unatoa moja. Mtu aliyetengeneza filamu nne anajua tofauti ya kukodi kamera nzuri siku nne na kwenda mwenyewe na kamera aliyonayo na mtu mmoja wa sauti. Mzee anachonga kibandani kwake, mwanga unaingia dirishani, sidhani anahitaji taa za Istanbul. Huenda akakwambia sielewi sanaa, na huenda ana haki. Lakini muulize hivi: katika safari hizo saba, amewahi kuwasha kamera? Kama amerekodi, basi sehemu ya filamu ipo tayari, na mikono ya mzee imeshahifadhiwa kwa namna fulani, haraka inapungua. Kama hakurekodi hata mara moja, kwenye treni mara saba, hapo mie ningetaka kujua alikuwa anafuata nini kule.

Au unasema hapana, si sasa. Hilo nalo lina bei. Atakunja uso. Pengine atakopa kwa rafiki, nawe utalipa deni hilo bila kuulizwa. Ukisema hapana, useme na sababu ya kweli, kwamba unataka kumwona mama yako. Usijifiche nyuma ya tasnifu. Ukimwambia "maliza kwanza udaktari ndipo nikupe", utakuwa umejifanya mjumbe wa nne wa kamati, na anao watatu tayari.

Kuhusu chuo, nilimpigia simu mtu mmoja aliyesoma huko miaka mingi, nikamsomea sehemu ya barua yako bila jina. Akaniambia mambo mawili ambayo labda mumeo anayajua na wewe hujaambiwa. La kwanza, udaktari ukishapatikana ndipo safari nyingine inaanza. Anayetaka kuwa profesa mshiriki lazima akusanye alama 100, na 90 kati ya hizo ziwe za kazi alizofanya baada ya udaktari, juu ya mtihani wa lugha ya kigeni. Na katika fani za mawasiliano, makala ndizo zenye uzito. Kwa maneno mengine, filamu anayoitengeneza leo, hata iwe nzuri vipi, haimsogezi kwenye ngazi ile. La pili, wenzao wa vitivo vya sanaa wana shahada yao, sanatta yeterlik, yenye hadhi sawa na udaktari, ambamo kazi ya sanaa yenyewe ni sehemu ya mtihani. Nikaruka nikidhani nimepata dawa. Akanituliza: kuhamia huko maana yake ni kuanza upya, kuomba upya, na kuacha mihula kumi nyuma. Kwa mtu wa miaka 25 ni njia. Kwa baba wa mtoto wa miaka minne, sijui. Lakini hujasema kama amewahi hata kuifikiria, na mtu ambaye amepanda gari lisilo lake kwa miaka mitano anastahili kuulizwa alipanda vipi.

Kuna vyuo vya wakfu pia, vile vya binafsi, vinavyoajiri wenye udaktari, na wapo wanaopenda mwalimu mwenye filamu mkononi kuliko mwenye makala. Mikataba yao ni mifupi na mzigo wa kufundisha ni mkubwa. Lakini mlango huo kwa kawaida unataka cheti cha udaktari. Hapo ndipo hesabu yake inaponikwama: anasema filamu ndiyo itakayomfungulia mlango, na milango mingi niliyotajiwa inafunguliwa na ile tasnifu iliyolala. Muulize kwa upole ni mlango upi hasa. Jina la mlango. Sio kumtega, huenda anao na hajakwambia.

Tamthilia. Hapa mwanangu nimeona hasira yako, na hasira ya kwamba hakukuuliza ni ya haki. Ila wewe unayezitafsiri unajua kuliko mie urefu wake. Kipindi kimoja cha kule kinapita saa mbili na kinatakiwa hewani kila wiki. Watu wa nyuma ya kamera hawaoni nyumba zao. Mshahara mara mbili, na wewe Ankara peke yako na mtoto, au nyote Istanbul kwenye kodi ya Istanbul. Inaweza kufaa kwa msimu mmoja, kama mpango wenye tarehe ya kuanza na ya kumaliza. Inaweza pia kuimaliza tasnifu kabisa. Alikosea kukataa peke yake. Sijui kama alikosea kukataa.

Na serikali yao ina msaada wa filamu fupi kupitia Wizara ya Utamaduni na Utalii, kwa sheria ya sinema ya mwaka 2004. Kama ni kati ya hizo sehemu mbili alizokosa, basi tumeshalipita. Kama sio, ni fomu tu, na kunyimwa kwa fomu hakuumi kama kunyimwa na mke.

Nimeacha jambo moja nilitie mwisho kwa kuwa wewe mwenyewe umelipita mbio. Shukrani, chini ya mwenye duka la chai. Umeandika sentensi fupi pale na ukaruka kwenda kwenye tamthilia, lakini mtu asiyeumia hakumbuki jina lake lilikaa chini ya nani. Umetafsiri filamu nne. Matamasha ya nje yaliyoitazama kazi ya mumeo yamesikia maneno yako wewe. Dhahabu yako imo ndani ya ile ya nne, na hiyo wenyewe wana neno lake, ni utayarishaji. Sijaona popote katika barua ukijieleza kama mtu wa filamu hizi. Umejieleza kama mtu aliyesimama mlangoni akiombwa fedha. Je, ndivyo ulivyo? Au ndivyo ulivyowekwa, nawe ukakaa? Maana kama ni mshirika, basi swali la bangili linakuwa la washirika wawili wenye hesabu moja mezani, tarehe ya kamati hapa, nauli ya Unguja hapa, siku za kurekodi hapa. Na kama si mshirika wala hutaki kuwa, ni haki yako vilevile, ila mwambie, ili aache kukuhesabu hivyo kimyakimya.

Na wewe, nje ya filamu zake, unataka nini? Umekaa Uturuki tangu 2013, una masomo yako, una lugha tatu. Barua yote umenieleza mihula ya mtu mwengine.

Ungeniuliza ningeanzia wapi, mie nisingeanza na faili wala dhahabu. Ningemwambia anieleze filamu ya mzee. Sio bajeti. Filamu yenyewe, inavyoanza, mzee anafanya nini, inakwishaje, jikoni, mtoto akiwa amelala. Umeniandikia ile ya bibi na basi kwa mistari mitatu na nimeiona. Kama akikueleza hii ya tano ukaiona namna ile, utajua kitu. Usipoiona, utajua kitu pia. Halafu, usiku uleule au mwengine, mwambie uliliona faili, na kwamba ulikuwa unatafuta picha za mtoto.

Pengine ni bora uanze na faili. Wewe unamjua.

Mama usimsahau kumpigia, hata kama ni wa kukuuliza tu mumeo yuko tamthilia gani.